Samuel Jones wa Toledo: Tajiri wa Mafuta na Mali ya Umma

Tarehe 12 Julai 1904, katika mji wa Toledo, jimbo la Ohio nchini Marekani, meya aliyeitwa Samuel Jones alifariki dunia akiwa bado madarakani, umri wake miaka 57. Maelfu ya watu walikwenda kumuaga, na wengi wao walikuwa vibarua, mafundi na wahamiaji, pamoja na watu ambao mahakama na makanisa ya mji yalikwisha kuwakatia tamaa. Lakini habari hiyo hiyo ya msiba ilipoenea, hisa za kampuni iliyomiliki tramu za mji zilipanda bei. Jambo hili linahitaji kutafakariwa. Marehemu alikuwa tajiri, mwenye kiwanda, mtu aliyechuma mali yake katika visima vya mafuta. Kwa hesabu ya kawaida alikuwa mwenzao wale wenye hisa. Ilikuwaje basi kifo chake kikawa neema kwao? Jibu la swali hilo ndilo mazungumzo yetu ya leo, na hoja yangu naitoa mapema ili mnipime nayo: tajiri anayeingia katika uongozi tusimpime kwa kile anachokitoa mfukoni mwake. Tumpime kwa kile kilicho cha umma ambacho anakataa kukitoa.

Jones hakuzaliwa na mali. Alizaliwa mwaka 1846 katika sehemu za milimani huko Wales, na alikuwa na miaka mitatu tu wazazi wake walipovuka bahari kuhamia jimbo la New York. Shuleni alikaa kwa jumla ya muda usiofika miaka mitatu. Mwaka 1865, angali kijana, alikwenda Pennsylvania, katika eneo la Titusville, ambako miaka sita kabla yake kisima cha Edwin Drake kilikuwa kimefungua biashara ya mafuta ya petroli nchini Marekani. Alifika huko mikono mitupu. Akafanya kazi za visimani moja baada ya nyingine, mpaka naye akawa na visima vyake. Mkewe alifariki mwaka 1885, na mwaka uliofuata, akiwa na majonzi, alihamia Lima, katika jimbo la Ohio, ambako mafuta yalikuwa yamegunduliwa karibuni. Kisima chake huko kikatoa mafuta kwa wingi. Mwaka 1887 alikuwa miongoni mwa walioanzisha kampuni ya Ohio Oil, ile ambayo miaka mingi baadaye ilikuja kuitwa Marathon, na mwaka 1889 kampuni hiyo ilinunuliwa na Standard Oil ya John D. Rockefeller. Kwa hiyo sehemu kubwa ya utajiri wa mwanzo wa Jones ilitokana na kuuziana na ukiritimba mkubwa kuliko wote wa zama zake. Tulikumbuke hilo, kwa maana wapinzani wake walilikumbuka, na sisi tutalirudia.

Utajiri wake wa pili ulitokana na ubunifu. Katika kisima cha mafuta, pampu hukaa chini kabisa na mtambo wa kuiendesha hukaa juu. Kinachoviunganisha ni fito nyingi zilizoungwa moja kwa nyingine, zikipanda na kushuka usiku na mchana. Fito zikikatika, kisima kimesimama, na kila saa ya kusimama ni hasara. Jones alibuni fito zilizo bora zaidi, akapata hataza, na mwaka 1894 akafungua kiwanda cha kuzitengeneza mjini Toledo. Nchi ilikuwa katika mdororo mzito wa uchumi ulioanza mwaka 1893, na wanaume wazima walikuwa wakija mlangoni kuomba kazi yoyote kwa ujira wowote. Mwajiri mwingine angeiona hali ile kuwa bahati yake, kwa sababu watu mia wakigombea nafasi moja mshahara huteremka wenyewe. Jones aliiona kuwa aibu. Akapigilia ukutani kibao cha bati kilichoandikwa lile agizo la Injili ya Mathayo ambalo huitwa Kanuni ya Dhahabu, la kumtendea mwenzio yale ambayo wewe ungependa kutendewa. Sisi Waswahili tunaijua kanuni hiyo kwa upande wake wa lawama, tunaposema mkuki kwa nguruwe mtamu, kwa binadamu mchungu. Naye hakuishia kwenye bati. Siku ya kazi kiwandani mwake ilikuwa ya saa nane, wakati kwingineko watu walifanya kazi saa kumi na zaidi. Wafanyakazi walipewa likizo yenye malipo, na Krismasi waligawiwa sehemu ya faida. Hakuajiri watoto. Pembeni mwa kiwanda alifungua bustani na ukumbi wa mikutano, na watu walialikwa humo kujadili mambo ya nchi bila kuulizwa ni wa chama gani.

Mwaka 1897 chama cha Republican mjini Toledo kiligawanyika kuhusu nani agombee umeya. Wakubwa wa chama, baada ya kushindana wao kwa wao bila kupatana, walimchukua Jones kwa sababu hakuwa adui wa kundi lolote. Alishinda kwa tofauti ya kura chache. Walidhani wamepata mfanyabiashara mwema atakayetia sahihi kila karatasi anayowekewa mezani. Ndani ya muda mfupi polisi walinyang'anywa virungu na kupewa fimbo nyepesi, wakawekewa nao saa nane za kazi, na ajira yao ikaanza kutegemea sifa. Chekechea za bure zikafunguliwa, viwanja vya watoto vikatengwa, muziki ukapigwa bustanini bila kiingilio. Mwaka 1899 chama kikakataa kumsimamisha tena. Akagombea peke yake, bila chama, akapata karibu asilimia 70 ya kura. Mwaka huo huo aligombea ugavana wa Ohio vilevile bila chama, akashika nafasi ya tatu akiwa na kura zaidi ya 100,000. Toledo yenyewe ilimrudisha mwaka 1901 na tena mwaka 1903. Mtu aliyepewa ushindi wa kura chache na wakubwa wa chama alipewa ushindi wa kura nyingi na wananchi, na sababu ya tofauti hiyo ndiyo inayotuhusu.

Sababu kubwa ilikuwa tramu. Toledo ya mwaka 1900 ilikuwa na watu zaidi ya 130,000, na asiye na farasi wala gari la farasi alitegemea tramu kwenda kazini na kurudi. Reli za tramu zilipita katika barabara za mji, na barabara ni za wote. Ili kampuni iweke reli zake humo, ilihitaji kibali cha baraza la madiwani, na vibali vya aina hiyo katika miji ya Marekani vilikuwa vikitolewa kwa miaka mingi. Hebu tuangalie kibali hicho ni kitu gani hasa. Mabehewa yanaweza kununuliwa popote, farasi na umeme pia. Kisichoweza kununuliwa sokoni ni haki ya kuwa peke yako katika barabara ambayo watu 130,000 hawana budi kuipita kila siku. Haki hiyo huumbwa na kura za madiwani wachache katika kikao cha jioni moja, na papo hapo huwa na thamani kubwa kuliko chuma chote kilichomo katika reli. Benki hukopesha fedha kwa dhamana yake, soko hununua hisa zake, na mwenye kibali hutajirika kabla hajamsafirisha abiria hata mmoja. Jones alilielewa jambo hili kwa uwazi ambao wanasiasa wengi hawakuwa nao. Madiwani walipokubali kurefusha kibali cha kampuni kwa masharti iliyoyataka kampuni, alitumia kura yake ya turufu kukikataa. Msimamo wake ulikuwa kwamba maji, gesi, umeme na tramu ni mali ya mji, na mji uviendeshe wenyewe. Sasa tunaweza kujibu swali tulilolianza nalo. Hisa zilipanda siku zile kwa sababu sahihi moja iliyokuwa ikizuia kibali ilikuwa imeondoka duniani.

Kitu cha pili alichokataa kukitoa ni mamlaka ya mji juu ya polisi wake. Mwaka 1902 bunge la Ohio lilipitisha sheria iliyolenga Toledo, ya kuliweka jeshi la polisi la mji chini ya makamishna walioteuliwa na gavana. Maana yake ilikuwa wazi kwa kila mtu: virungu vingerudi, na ajira za polisi zingerudi mikononi mwa wakubwa wa chama. Jones alikataa kukabidhi, shauri likafika mahakamani, na Mahakama Kuu ya Ohio ikampa haki. Majaji walisema katiba ya jimbo hairuhusu bunge kutunga sheria ya kuubana mji mmoja peke yake. Hukumu hiyo ilitikisa jimbo zima, kwa kuwa miji karibu yote ya Ohio ilikuwa ikiendeshwa kwa sheria za namna hiyo hiyo, na bunge likalazimika kuandika upya sheria ya serikali za miji mwaka huo huo. Ukitazama vizuri, kesi ya polisi na vita vya tramu ni jambo moja. Katika vyote viwili, kitu cha wote kilitakiwa kuhamishiwa kwa wachache kwa njia ya karatasi halali, na meya akasema hapana.

Sasa tuwasikilize waliompinga, kwa sababu hoja zao hazikuwa za kijinga. Hoja ya kwanza ilikuwa kwamba mtu huyu hana haki ya kuhubiri. Amechuma katika mafuta, ameiuzia Standard Oil, analindwa na hataza ambayo yenyewe ni ukiritimba unaotolewa na serikali, kisha anawageukia wenzake na kuwaambia kwamba vibali ni dhuluma. Jones hakuukana ukweli huo. Alisema na kuandika waziwazi kwamba mali yake haikuwa matunda ya jasho lake peke yake. Lakini hata tukiiacha dhamiri yake pembeni, hoja hii inasahau jambo. Aliyewahi kukaa ndani ya ukiritimba ndiye anayejua mlango wake uko wapi. Katika miaka hiyo hiyo, mji mwingine wa Ohio, Cleveland, uliongozwa, kuanzia mwaka 1901 mpaka 1909, na Tom L. Johnson, ambaye utajiri wake ulitokana na tramu zenyewe, na alipokuwa meya alipigania nauli ya senti tatu dhidi ya biashara aliyoijua kutoka ndani. Historia ya mali ya mtu inatupa sababu ya kumchunguza zaidi. Haitupi hukumu kabla ya matendo. Na matendo ya Jones katika suala la kibali yalikuwa kinyume na maslahi ya tabaka lake.

Hoja ya pili ni nzito zaidi, na ilitoka upande wa watetezi wa wafanyakazi. Walisema kwamba wema wa bosi bado ni wema wa bosi. Bustani, likizo na zawadi ya Krismasi hutegemea moyo wa mtu mmoja, na moyo huo ukisimama au ukibadilika, mfanyakazi anabaki alipokuwa. Hapa nakubaliana nao kwa sehemu kubwa. Kiwanda cha Jones kilibaki kuwa cha Jones, na mshahara wake wa umeya, ambao aliugawa kwa wenye shida, usingeweza kuondoa shida ya mji. Lakini hoja hii, ikifuatwa hadi mwisho, inaithibitisha ile yangu. Angekuwa ni mtoaji tu, asingemtisha mtu yeyote. Matajiri wa Toledo hawakuwa na ugomvi na sadaka. Wengi wao walikuwa watoaji wazuri makanisani. Walianza kumchukia alipokataa kugeuza barabara kuwa mali yao. Mtoaji hugawa kilicho chake, na anayegawiwa hushukuru na kunyamaza. Mlinzi wa mali ya umma hagawi kitu. Anamwambia mwananchi kwamba hiki tayari ni chako, kisha anasimama mlangoni. Tukimsifu Jones kwa bustani yake na kusahau turufu yake, tutakuwa tumemsifu kwa jambo dogo.

Hoja ya tatu ilitoka kwa wachungaji na wenye kutaka nidhamu. Walimlaumu kwamba ameulegeza mji, havifungi vilabu vya pombe, hawafukuzi makahaba. Sheria ya Ohio ilimruhusu meya kukaa katika kiti cha hakimu wa mahakama ya polisi pale hakimu asipokuwepo, na Jones alipokaa hapo aliwaachia huru walevi na maskini wengi. Safari moja aliletewa mtu aliyekutwa na bastola, akaamuru bastola ndiyo ivunjwe kwa nyundo na mtu aende zake. Wachungaji walipomtaka awafukuze makahaba, aliwauliza wafukuziwe mji gani, kisha akawaambia yuko tayari kuwachukua baadhi yao nyumbani kwake, iwapo kila mchungaji naye atamchukua mmoja. Bunge la jimbo baadaye lilimwondolea meya mamlaka ya kukaa mahakamani. Mimi sisemi kwamba hukumu zake zote zilikuwa sahihi. Kura za wananchi hazithibitishi kwamba uhalifu umepungua, na mji unahitaji sheria inayotabirika, si huruma ya aliyekaa kitini leo. Lakini alichokuwa akikiona kilikuwa kweli: maskini alikamatwa kwa ulevi barabarani, na mwenye nafasi alilewa klabuni kwake bila kuguswa na askari. Sheria inayomkamata mmoja na kumwacha mwenzake kwa kosa lile lile nayo ni mali ya umma iliyogawiwa wachache.

Hoja ya nne ndiyo ninayoiona ngumu kuliko zote. Mtu asiye na chama, wanasema, hupita kama mvua ya siku moja. Jones hakuwa na wingi wa kutegemea katika baraza. Hakufanikiwa kuufanya mji umiliki tramu zake. Aliamini mno kwamba mfano mwema utawageuza watu, na akajenga kidogo mno kile kinachobaki mtu akiondoka. Ni kweli, na anayemwiga lazima aanzie hapo. Hata hivyo ushahidi wa miaka iliyofuata unasema alibakisha zaidi ya alivyodhaniwa. Brand Whitlock, mwanasheria na mwandishi aliyekuwa mshauri wake, alichaguliwa meya mwaka 1905 bila chama, akarudishwa mara tatu zaidi, kisha akaenda kuiwakilisha Marekani nchini Ubelgiji wakati wa Vita Kuu ya Kwanza. Mwaka 1912 wananchi wa Ohio walirekebisha katiba na kuipa miji haki ya kujitungia hati zake za utawala, na Toledo ikapata yake mwaka 1914. Vita vya tramu navyo viliendelea. Novemba 1919, baada ya wapiga kura kuamua kampuni iondoke katika barabara zao, kampuni iliyahamisha mabehewa yake usiku na kuyavusha hadi jimbo la Michigan, na mji ukakaa wiki kadhaa ukitembea kwa miguu au kwa magari ya kubahatisha. Usiku ule ulionyesha wazi yale ambayo Jones alikuwa ameyasema miaka kumi na mitano nyuma: anayemiliki njia yako ya kwenda kazini amekumiliki wewe pia kwa kiasi fulani.

Mwaka 1993 mwanahistoria Melvin Holli aliwauliza wataalamu wa historia ya miji ya Marekani wawataje mameya bora wa nchi hiyo, na Jones akawekwa nafasi ya tano. Ni heshima kubwa kwa mtu aliyeongoza mji wa kadiri kwa miaka saba tu, na ambaye kazi kubwa aliyoipigania hakuimaliza. Mimi naamini alistahili, na sababu yake iko katika hoja niliyowawekea mwanzo. Miji haifilisiki kwa kukosa matajiri wakarimu. Hufilisika pale ambapo viwanja vyake, barabara zake, maji yake, masoko yake na askari wake wanagawiwa kimyakimya kwa mikataba mirefu, huku macho ya watu yakiwa kwenye zawadi za mgombea. Tumezoea kusema mkono mtupu haulambwi, na mwenye mali anapokuja kuomba kura tunautazama mkono wake una nini. Kisa cha Toledo kinatufundisha kumtazama kwa namna nyingine. Tajiri akisimama mbele yenu kuomba udiwani, umeya au kiti kingine chochote, msimuulize atawapa nini. Muulizeni ni mkataba gani atakataa kuutia sahihi, hata kama wanaouleta ni rafiki zake, hata kama chama chake kinautaka. Kisha akishapata kiti, kaeni macho, mhesabu mara ngapi amesema hapana.